MADA YA 7: FIDIA YA HAKI KWA ARDHI INAYOTWALIWA NA SERIKALI

Malengo ya mada

Baada ya kusoma mada hii, mtahiniwa utaweza:
(a) kueleza maana ya utwaaji wa ardhi na fidia ya haki;
(b) kutaja sheria zinazolinda mwenye ardhi nchini Tanzania;
(c) kukokotoa fidia hatua kwa hatua;
(d) kujadili kama fidia iliyolipwa ni ya haki au la.

7.1 Utangulizi

Ukisafiri kutoka Bukoba kwenda Muleba utapita Kagoma. Hapo ndipo inapoanzia barabara ya lami ya kilomita 154 inayopita Muleba na Biharamulo hadi Lusahunga. Barabara hiyo imefupisha safari, imepandisha bei ya ndizi na kahawa kwa mkulima aliye karibu nayo, na mgonjwa anafika hospitali mapema. Hakuna anayebisha kwamba barabara ni jambo jema.

Lakini barabara haipiti hewani. Inapita kwenye kibanja cha mtu. Katika kibanja cha Mhaya kuna migomba, mibuni chini ya migomba, maharage katikati, nyumba, na mara nyingi makaburi ya wazee. Familia inayoambiwa ipishe barabara haiulizwi tu "shamba lako lina ukubwa gani?" Inapoteza chakula, kipato, makazi na mahali pa kumbukumbu kwa pamoja.

Swali la mada hii ni hili: Serikali ikichukua ardhi kwa manufaa ya wote, ni kiasi gani cha malipo ni cha haki kwa yule mmoja anayeondoka? Jibu fupi ni kwamba fidia ya haki si kiasi kinachompendeza mlipaji wala kinachompendeza mlipwaji. Ni kiasi ambacho kila sehemu yake inaweza kuhesabiwa na kuhakikiwa kwa mujibu wa sheria.

7.2 Maana ya maneno muhimu

Utwaaji wa ardhi ni kitendo cha Serikali kuchukua ardhi ya mtu, familia au kijiji kwa ajili ya manufaa ya umma, kama vile barabara, shule, hospitali, kiwanja cha ndege, bomba la mafuta au njia ya umeme.

Fidia ni malipo anayopewa mwenye ardhi ili hali yake isiwe mbaya kuliko ilivyokuwa kabla ya kuondolewa. Fidia si zawadi, si msaada, wala si shukrani.

Mthamini ni mtaalamu aliyesajiliwa anayepima thamani ya ardhi, majengo na mazao. Kazi yake hukaguliwa na kuidhinishwa na Mthamini Mkuu wa Serikali.

Maendelezo ni kila kitu ambacho mtu ameongeza juu ya ardhi kwa jasho au fedha yake: nyumba, mimea, kisima, uzio, shimo la choo.

7.3 Msingi wa kisheria

Mtahiniwa mzuri hataji sheria tu, hueleza pia inasema nini. Zifahamu hizi:

1. Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya 1977, Ibara ya 24. Ibara ndogo ya (1) inampa kila mtu haki ya kumiliki mali. Ibara ndogo ya (2) inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila idhini ya sheria inayoweka masharti ya kutoa fidia inayostahili.

2. Sheria ya Utwaaji Ardhi ya 1967. Inampa Rais mamlaka ya kutwaa ardhi kwa manufaa ya umma. Udhaifu wake ni kwamba ardhi tupu isiyoendelezwa haikuhesabiwa kuwa na thamani ya kulipwa.

3. Sheria ya Ardhi Na. 4 na Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5, zote za 1999. Zilianza kutumika Mei 2001. Zilibadili mtazamo wa zamani kwa kutamka kwamba ardhi yenyewe ina thamani, na kwamba fidia iwe kamilifu, ya haki na ilipwe kwa wakati. Zinatambua pia haki miliki ya kimila kuwa na hadhi sawa na hati ya kupewa na Serikali. Ardhi ya kijiji haihamishwi kabla ya aina, kiasi, namna na muda wa kulipa fidia kukubaliwa.

4. Kanuni za Uthamini wa Ardhi kwa ajili ya Fidia za 2001. Zinaonyesha vipengele vya fidia na namna ya kukokotoa kila kimoja.

5. Sheria ya Barabara ya 2007. Iliongeza hifadhi ya barabara kuu na za mikoa kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande, kuanzia katikati ya barabara. Aliyekuwa na mali kihalali kati ya mita 22.5 na mita 30 kabla ya sheria hii anastahili fidia akiondolewa. Aliyejenga ndani ya hifadhi hastahili. Ndiyo maana huwa tunaona alama ya X ya kijani kwa wanaostahili na X nyekundu kwa wasiostahili.

6. Sheria ya Uthamini na Usajili wa Wathamini ya 2016. Inasimamia wathamini na uhai wa uthamini. Miaka miwili ikipita bila malipo, uthamini hufanywa upya kwa sababu bei huwa zimebadilika.

7.4 Kesi mbili za kukumbuka

*Kesi ya kwanza: Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na Joseph Lohay (1994).* Baba na mwanawe wa mkoa wa Arusha walipoteza mashamba wakati wa Operesheni Vijiji. Walikwenda mahakamani wakashinda. Mwaka 1992 Bunge likatunga sheria iliyofuta haki za kimila katika vijiji vilivyoanzishwa na kuzuia fidia. Mahakama ya Rufani, ikiongozwa na Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliamua kwamba haki ya kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Aliyeweka nguvu zake katika ardhi hawezi kunyang'anywa bila fidia ya haki.

Funzo: Mkulima asiye na hati mkononi si mvamizi. Kibanja alichorithi kwa utaratibu wa kimila ni mali yake.

*Kesi ya pili: Bernardo Ephraim dhidi ya Holaria Pastory (1990).* Hii ilianzia hapa kwetu, katika Mahakama ya Mwanzo ya Kashasha, wilaya ya Muleba. Mwanamke aliyerithi ardhi kwa wosia wa baba yake aliiuza, ndugu wa ukoo akapinga kwa hoja kwamba mila ya Kihaya haimruhusu mwanamke kuuza ardhi ya ukoo. Katika Mahakama Kuu ya Mwanza, Jaji Mwalusanya aliamua kwamba kanuni hiyo ya mila ni ya kibaguzi na inapingana na Katiba.

Funzo: Fidia inapolipwa, swali la "nani alipwe?" ni zito kama swali la "alipwe kiasi gani?" Mjane au binti mwenye haki juu ya kibanja asifutwe kwenye orodha kwa sababu tu shemeji au mjomba ndiye aliyesimama mbele ya mthamini.

7.5 Vipengele vya fidia

Jifunze vipengele hivi kwa mpangilio huu:

| Kipengele | Namna ya kukokotoa |
|---|---|
| Thamani ya ardhi na maendelezo | Bei ya soko, kwa kulinganisha na mauzo ya karibuni ya mali inayofanana. Jengo lisilo na soko hupimwa kwa gharama ya kulijenga upya |
| Posho ya usumbufu | Thamani × wastani wa riba ya benki za biashara kwa amana ya miezi 12 |
| Posho ya makazi | Kodi ya pango kwa mwezi × miezi 36 |
| Posho ya usafiri | Gharama halisi ya kusafirisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20 |
| Hasara ya faida | Faida halisi ya biashara kwa mwezi × miezi 36 |

Zingatia: Posho ya makazi, posho ya usafiri na hasara ya faida hazilipwi kwa ardhi isiyokaliwa. Kwa hiyo mwenye rweya tupu la majani hawezi kudai posho ya kuhamisha mizigo.

Makaburi yana utaratibu wake chini ya Sheria ya Kuhamisha Makaburi ya 1969, inayohusu gharama za kufukua, kusafirisha na kuzika upya.

Fidia si lazima iwe fedha taslimu. Kanuni zinaruhusu pia kiwanja mbadala, jengo mbadala, miche na mbegu, au chakula kwa muda maalumu. Katika mradi wa bomba la mafuta ghafi kutoka Hoima, Uganda hadi Chongoleani, Tanga, lenye urefu wa kilomita 1,443, kaya zilizopoteza makazi zilipewa nafasi ya kuchagua nyumba mbadala badala ya fedha. Kwa upande wa Tanzania bomba hilo linaanzia mkoani Kagera na kupita Missenyi, Bukoba, Muleba na Biharamulo.

7.6 Mfano uliofanyiwa kazi

*Mfano huu ni wa kubuni. Bei zimewekwa ili kurahisisha hesabu, usizichukue kuwa bei halisi za leo.*

Mama mjane ana kibanja cha nusu ekari kando ya barabara. Kina nyumba anayoishi, migomba 120, mibuni 40 na kiduka kidogo. Taarifa za uthamini ni hizi:

- bei ya ardhi: sh. 6,000,000 kwa ekari
- mgomba mmoja: sh. 20,000
- mbuni mmoja: sh. 25,000
- kujenga nyumba kama hiyo upya: sh. 15,000,000, uchakavu: asilimia 20
- kodi ya nyumba kama hiyo: sh. 50,000 kwa mwezi
- mauzo ya kiduka kwa mwezi: sh. 400,000, gharama za biashara: sh. 340,000
- usafirishaji: sh. 1,000 kwa tani moja kwa kilomita moja
- wastani wa riba ya benki: asilimia 7 kwa mwaka

Hatua ya 1: Thamani ya mali

Ardhi: 0.5 × 6,000,000 = 3,000,000
Migomba: 120 × 20,000 = 2,400,000
Mibuni: 40 × 25,000 = 1,000,000
Nyumba: 15,000,000 − (20/100 × 15,000,000) = 12,000,000
Jumla = sh. 18,400,000

Hatua ya 2: Posho na hasara

Usumbufu: 18,400,000 × 7/100 = 1,288,000
Makazi: 50,000 × 36 = 1,800,000
Usafiri: 12 × 20 × 1,000 = 240,000
Hasara ya faida: (400,000 − 340,000) × 36 = 2,160,000
Jumla = sh. 5,488,000

Hatua ya 3: Fidia yote

18,400,000 + 5,488,000 = sh. 23,888,000

Hatua ya 4: Malipo yakichelewa

Fidia inatakiwa kulipwa ndani ya miezi 6. Ikizidi, inalipwa pamoja na riba. Tuseme mama huyu amelipwa baada ya miezi 9. Amecheleweshewa miezi 3.

Riba: 23,888,000 × 7/100 × 3/12 = sh. 418,040
Anachostahili kupokea: 23,888,000 + 418,040 = sh. 24,306,040

Sasa linganisha. Kama mthamini angehesabu ardhi na nyumba peke yake, mama huyu angepokea sh. 15,000,000. Angepoteza zaidi ya milioni 9 bila mtu yeyote kumwibia kwa nguvu. Angeipoteza kwa sababu vipengele havikuandikwa kwenye fomu na yeye akatia dole gumba.

7.7 Je, kulipwa kwa mujibu wa sheria ni sawa na kulipwa kwa haki?

Hili ni swali la kujadili, na ndilo linalotofautisha jibu la wastani na jibu bora. Angalia pande zote mbili.

*Hoja za kuonyesha kwamba utaratibu ni wa haki:*

(i) Vipengele ni vingi na vinagusa mali, makazi, usafiri na kipato.
(ii) Bei ya soko inazuia mwenye ardhi kuongeza bei kwa sababu tu mradi umefika. Fedha zinazolipwa ni kodi za wananchi wote.
(iii) Uthamini hufanywa na mtaalamu na kuidhinishwa na Mthamini Mkuu, si na mkandarasi wa mradi.
(iv) Asiyeridhika anaweza kudai haki yake kwenye vyombo vya sheria.

*Hoja za kuonyesha upungufu:*

(i) Uchakavu. Katika mfano wetu mama amelipwa milioni 12 kwa nyumba ambayo kuijenga upya ni milioni 15. Nyumba yake ya zamani ilimtosha, lakini milioni 12 hazimalizi nyumba mpya. Viwango vya Shirika la Fedha la Kimataifa linalofadhili miradi mikubwa vinataka gharama kamili ya kujenga upya bila kukata uchakavu.
(ii) Mimea ya muda mrefu. Mgomba uliotunzwa vizuri huzaa kizazi baada ya kizazi kwa kuotesha machipukizi. Udongo wa kibanja umerutubishwa kwa majani na samadi kwa miaka mingi. Mtu akihamia rweya analipwa idadi ya migomba, lakini rutuba ile haipatikani kwa msimu mmoja.
(iii) Kuchelewa. Mtu akishathaminiwa huambiwa asiendeleze eneo. Hapandi mibuni mipya wala hakarabati paa. Mwaka ukipita bila malipo, hasara hiyo haionekani kwenye fomu.
(iv) Mambo yasiyo na bei. Makaburi, ujirani na ukaribu wa ukoo havina soko.
(v) Elimu. Wengi hawajui vipengele vyao, hivyo hawawezi kugundua kilichorukwa.

*Hitimisho linalofaa:* Sheria ya Tanzania inaweka msingi mzuri, hasa baada ya 1999, lakini haki hukamilika pale tu inapotekelezwa kwa ukamilifu, kwa wakati na mbele ya mwenye mali anayeelewa anachosaini.

7.8 Hatua za mwananchi

1. Ahudhurie mkutano wa kijiji au mtaa na kuuliza mradi ni upi na mipaka yake iko wapi.
2. Awepo siku ya uthamini, pamoja na mwenza wake na kiongozi wa kitongoji. Mimea ihesabiwe mbele yake.
3. Aweke kumbukumbu: picha, idadi ya mimea, daftari la mauzo ya biashara, wosia au nyaraka za mirathi.
4. Asome fomu kabla ya kusaini. Kama hasomi, asomewe na mtu anayemwamini.
5. Abaki na nakala.
6. Asiporidhika, aandike malamiko mapema kupitia ofisi ya kijiji na halmashauri. Ikishindikana, afuate sheria mahakamani. Kabla ya kuishtaki Serikali hutolewa notisi ya siku 90.

7.9 Makosa ya kawaida ya watahiniwa

- Kuandika "Serikali haina haki ya kuchukua ardhi." Si kweli. Ardhi yote ni ya umma chini ya Rais kama mdhamini. Kinachokatazwa ni kuichukua bila kufuata sheria na bila fidia.
- Kutumia mauzo badala ya faida katika kukokotoa hasara ya biashara. Ukizidisha 400,000 kwa 36 umekosa.
- Kuzidisha kwa miezi 12 badala ya 36.
- Kukokotoa riba ya ucheleweshaji kwa miezi yote 9 badala ya 3.
- Kusema asiye na hati hapati fidia. Kumbuka kesi ya Akonaay.
- Kuandika malalamiko badala ya hoja. Hoja ina dai, sababu na mfano.

7.10 Maswali ya kujipima

1. Eleza tofauti kati ya fidia na zawadi. (Alama 2)
2. Taja vipengele vitano vya fidia. (Alama 5)
3. Mwananchi ana ekari 2 za rweya tupu zisizokaliwa. Bei ya ardhi ni sh. 1,500,000 kwa ekari na riba ya benki ni asilimia 8. Kokotoa fidia yake. (Alama 4)
4. Kwa nini kesi ya Holaria Pastory ni muhimu kwa mjane anayedai fidia? (Alama 4)
5. "Fidia inayolipwa kwa kuchelewa ni nusu ya fidia." Jadili kwa hoja tano. (Alama 15)

Mwongozo wa majibu

1. Fidia ni haki ya kisheria inayolipwa kwa hasara iliyopatikana. Zawadi hutolewa kwa hiari na mpokeaji hawezi kuidai.
2. Rejea jedwali la 7.5.
3. Thamani: 2 × 1,500,000 = 3,000,000. Usumbufu: 3,000,000 × 8/100 = 240,000. Posho ya makazi, usafiri na hasara ya faida hazihusiki kwa sababu ardhi haikaliwi. Jumla: sh. 3,240,000.
4. Iliamua kwamba mila inayomnyima mwanamke haki sawa juu ya ardhi inapingana na Katiba. Hivyo mwanamke mwenye haki juu ya ardhi anastahili kutambuliwa na kulipwa mwenyewe.
5. Hoja zinaweza kuwa: kupanda kwa bei za vifaa na viwanja, kusimama kwa uendelezaji, watoto kukatizwa masomo kwa familia kutojua itahamia wapi, madeni, kupungua kwa imani ya wananchi kwa Serikali. Toa utangulizi, hoja zenye mifano, na hitimisho.

Neno la mwisho kwa mtahiniwa

Mada hii inaweza isije kwenye mtihani wako. Lakini baada ya mtihani utarudi nyumbani, na katika kaya nyingi za Kagoma wewe ndiye utakayekuwa umesoma kuliko wote. Siku mthamini atakapofika na fomu yake, bibi atakutazama wewe. Hesabu migomba pamoja naye, kagua kila mstari, na usimruhusu aweke dole gumba kabla hujamaliza kusoma.